Khofu na Dhana

Aghalabu aliyefikwa na msiba huwa mwepesi wa kumshika aliye karibu naye. Tarehe 2 Aprili 2015 waliuawa watu 148 katika chuo kikuu cha Garissa. Kwetu Eldoret msiba ule haukuwa wa mbali: chuo kile kilikuwa tawi la Chuo Kikuu cha Moi, na wengi wa wanafunzi walionusurika waliletwa huku kumaliza masomo yao. Basi asitudhanie mtu kuwa twawatetea wauaji. Damu ile ni haramu, na ni wajibu wa serikali kuwalinda raia.

Lakini siku chache baadaye ilitangazwa orodha ya wanaodhaniwa kuusaidia ugaidi, na ndani yake wamo MUHURI na Haki Africa, jumuiya mbili za Mombasa ziteteazo haki za waliokamatwa na waliopotea. Akiba zao za benki zikafungwa kabla ya kesi. Twauliza: bayana ni juu ya mdai au mdaiwa? Aliyesoma fikihi japo kidogo aijua jawabu. Mwezi wa Novemba Mahakama Kuu ya Mombasa ikaamuru zifunguliwe, kwani hapakuletwa ushahidi.

Miezi saba! Na katika miezi hiyo, mama aliyepotelewa na mwanawe alibisha mlango wa nani? Hili latukera kuliko fedha. Amwogopaye polisi hupeleka khabari kwa anaowaamini. Wakifungiwa hao, khabari hufia moyoni mwake, na serikali ndiyo ikosayo.

Wala sisi tusijitakase. Wangapi wetu, orodha iliposomwa, tulinong'ona kuwa lisemwalo lipo?