Nani Aliyemwambia Karibu?

Kuko kazi ndogo inafanyika kila siku pale sokoni Mpondwe, na mjini Kasese pia, kwa wale vijana wenye kutengeneza simu chini ya miavuli. Mtu analeta simu, anasema: «Niondolee hivi vichezo.» Simu haijaharibika. Kioo ni kizima, betri inashika. Anataka tu sehemu ya mesaji ibaki ya mesaji. Kijana anabonyeza mara tano, mara sita, anarudisha simu na kupokea pesa yake.

Juu ya kazi hiyo nina swali ambalo fundi haulizwi. Mchezo ambao sikuuita ulipata wapi ruhusa ya kuingia? Na kwa nini gharama ya kuutoa iko juu yangu, si juu ya yule aliyeuingiza? Wako watakaosema hili si jambo la kuandikia makala, sisi tuna shida kubwa zaidi. Ni kweli tunazo. Lakini mtu aliyenyang'anywa mambo makubwa anajua vizuri thamani ya yale madogo ambayo bado anaweza kuyakubali au kuyakataa mwenyewe.

Tuanze na namna michezo hii inavyoingia. Oktoba 2016 Telegram ilifungua jukwaa la michezo ndani ya mazungumzo. Mwezi uliofuata Facebook ikafanya vilevile ndani ya Messenger, ikianza na michezo 17 katika nchi 30. Wazo lilikuwa jepesi: watu wako tayari pale, wanaongea na ndugu zao, basi usiwangoje sokoni, wafuate nyumbani. Hakuna kupakua kitu. Unagusa, unacheza. Na ukishagusa mara moja, mchezo wenyewe unaweza kukuandikia kama mtu: fulani amekushinda, rudi. Tangu 2019 Facebook ilianza kuitoa michezo hiyo Messenger na kuihamishia upande wa Facebook yenyewe. Hapa Uganda Facebook ilifungwa Januari 2021, siku chache kabla ya uchaguzi; wengi wakaendelea kwa VPN, wengine wakahamia WhatsApp na Telegram. Michezo nayo ilikuwa kule ikitungoja. Mwaka 2024 ukaja ule wa panya, Hamster Kombat: unagonga kioo, unakusanya sarafu, unaalika marafiki ili uongezewe. Zaidi ya watu milioni 200 walijiunga duniani kabla sarafu yenyewe haijatolewa Septemba mwaka huo. Walipoipata, wengi waliona thamani yake haifiki hata vidole walivyochosha.

WhatsApp haina sehemu ya michezo, lakini ina makundi. Unaamka asubuhi, unakuta umewekwa kati ya watu mia usiowajua, wanasifia ndege ya kamari inayopaa na kuanguka. Nani alikuingiza? Namba tu, haina jina.

Mtu mwenye intaneti ya bure ofisini anaweza kusema: si ufute tu, bana? Kwetu simu ina uzito mwingine. Wengine tulikaa bila laini yenye jina letu mpaka Agosti 2019, ilipokubaliwa kwamba ile barua ya familia ya mkimbizi itoshe kusajili laini. Kuanzia Julai 2018 tulilipa kodi ya shilingi 200 kwa siku ili kufungua mitandao ya kijamii. Julai 2021 hiyo ikaondoka, ikaja asilimia 12 juu ya bando la intaneti lenyewe. Kwa hiyo hata ile picha ya panya inayojifungua bila kuombwa imekula mega zangu, na kodi yake nimeilipa mimi.

Na mega si kitu. Kuna jambo la usiku. Simu ikilia saa nane za usiku, mtu wa Beni au wa Kasindi hafikirii mchezo. Anafikiria mama aliyebaki, anafikiria barabara, anafikiria nani tena. Tangu ule usiku wa Juni 2023, shule ya Mpondwe iliposhambuliwa na watoto wakauawa, wenyeji wetu wa Bwera nao wanajua simu ya usiku ina maana gani. Unaketi, moyo unapiga, unafungua: «Zawadi yako ya leo inakungoja!» Aliyetuma hajui amefanya nini. Kwake ni mlio mmoja kati ya mamilioni. Lakini kutokujua kwake kunatoka mahali: alipanga kuingia nyumba za watu bila kuuliza ni nyumba za nani.

Sisi kwetu tuna sheria ya mlango. Nyumba ya turubai haina mlango wa kufunga, lakini hakuna mtu mwenye adabu anayeingia bila kuita hodi. Unaita mara ya kwanza, ya pili, ya tatu. Hakuna jibu, unarudi ulikotoka. Husemi: «Hawakunikataza, basi niingie niketi.» Kimya ni jibu, na jibu lenyewe ni hapana. Hata mtoto wa miaka sita anafundishwa hivyo. Hodi inaheshimu jambo moja, kwamba mwenye nyumba ana haki ya kuwa na shughuli zake, au usingizi wake, au huzuni yake, bila kutoa maelezo.

Simu imeigeuza sheria hiyo. Mchezo unaingia kwanza, na kimya chako kinahesabiwa kuwa karibu. Ukitaka kukataa, ni wewe utafute mlango wa kumtolea, nao umefichwa chini ya majina ambayo hukufundishwa. Najua kuna jibu: «Ulibonyeza ‘nakubali’ siku ile ya kwanza.» Nilibonyeza, ndiyo. Nilibonyeza kwa sababu bila kubonyeza nisingeweza kusema na ndugu zangu walio upande wa pili wa mto Lubiriha. Ndiyo inayotolewa na mtu ambaye hana njia nyingine ni ndiyo nyembamba. Inatosha kumfungulia mtu mazungumzo na jamaa yake. Haitoshi kumpangishia panya chumba.

Halafu kuna ndiyo ya mwingine. Rafiki yangu anapogusa «alika wote», anatoa ruhusa ambayo si yake. Hili si neno la kuchezea. Mwaka 2018 dunia ilisikia habari za Cambridge Analytica: kulikuwa na programu ndogo ya maswali ya kujijua tabia kwenye Facebook, watu kama 270,000 wakaiweka wenyewe, lakini habari zilizochukuliwa, kwa hesabu ya Facebook yenyewe, huenda zilifika za watu milioni 87. Waliobaki ni marafiki wa waliocheza. Hawakucheza, hawakuulizwa. Kwa mtu wa kawaida hiyo ni aibu. Kwa mtu aliyekimbia, ambaye orodha ya marafiki wake inaonyesha ametoka wapi na nani bado yuko kule, inaweza kuwa hatari. Ndiyo maana nasema kuukataa mchezo ni kumlinda pia yule aliye kwenye orodha yangu.

Sasa nisikilizwe vizuri, sisemi mchezo ni dhambi. Kusubiri ni kazi ndefu. Kuna watu wanangoja mahojiano miaka, na mtu hawezi kungoja kwa macho makavu kila siku. Wazee wanacheza dama kwa vifuniko vya chupa, vijana wanapiga ludo, wenyeji wana omweso wao. Mchezo unampa mtu kitu ambacho ofisi haimpi: anafanya jambo, na matokeo yanaonekana papo hapo. Mtu akicheza kwenye simu yake kwa hiari yake, mimi sina neno.

Hapa ndipo swali linakuwa gumu, kwa sababu simu nyingi zetu si za mtu mmoja. Chukua nyumba moja, simu moja, watu watano. Yaya anaona michezo mitatu kwenye Telegram, anaifuta yote, anasema ameokoa mega. Mdogo wake anarudi, anakuta kazi ya miezi miwili imepotea. Analia. Yaya anamwambia: «Si mchezo tu?» Nani ana haki? Yaya ndiye aliyenunua bando. Lakini naye ameingia bila hodi. Amefanya kwa mdogo wake kilekile ambacho mchezo ulimfanyia yeye: ameamua kwa niaba ya mwingine kwa sababu kidole chake kilifika kwanza. Mchezo usiotakiwa ni ule usiotakiwa na mwenye kuutumia. Kuuondoa wa kwangu ni haki yangu. Kuuondoa wa mwingine kunahitaji kwanza maneno: «Huu wa nani? Unautaka? Mega zinaisha, tufanyeje?»

Naweka mpaka mmoja. Mchezo ukigeuka kamari, na pesa ya unga ikawa ndiyo inayochezwa, mzazi hana haja ya kungoja kuitikiwa hodi. Sheria ya Uganda ya bahati nasibu na michezo ya kubahatisha ya 2016 inakataza kamari kwa mtu aliye chini ya miaka 25. Kijana wa miaka 16 mwenye ndege ya kamari ndani ya simu ya nyumba anazuiwa, kisha anaelezwa. Hata hapo, maelezo si zawadi, ni deni. Anayezuiwa bila kuelezwa ataitafuta simu nyingine.

Na sasa nageukia wasomaji wetu wa mashirika, kwa heshima. Kipimo hiki cha mlango si cha michezo peke yake. Tangu zoezi la uhakiki la 2018, lililofanywa na OPM pamoja na UNHCR, vidole vyetu vimo ndani ya mashine. Tunaelewa kwa nini: msaada lazima uhesabiwe, na jina moja lisile mara mbili. Sera ya UNHCR ya 2015 juu ya ulinzi wa habari za watu inatambua kwamba mtu anaweza kuuliza kinachoshikwa juu yake, kuomba kirekebishwe, kuomba kifutwe, na kupinga. Ni maneno mazuri. Lakini simama kwenye mstari, umuulize mama mwenye mtoto mgongoni kama anajua mlango huo uko wapi. Mlango wa kuingia una viti, kivuli na watu wa kukuelekeza. Mlango wa kuuliza uko ndani ya karatasi ambayo haijafika kwetu kwa lugha yetu. Mimi napima hivi: kama kukubali kunachukua kidole kimoja na dakika moja, kukataa nako kusichukue safari ya siku tatu. Pasipo hivyo, ile ndiyo tuliyotoa inafanana sana na ile ya mchezo.

Tena kuna haya makundi ya WhatsApp ya mgao, ya mafunzo, ya afya. Nimeingizwa katika kundi la namna hiyo bila kuulizwa, namba yangu ikaonekana kwa watu wengi nisiowajua, na wiki hiyohiyo linki za kamari zikaanza kuja kwenye simu yangu. Aliyeliunda alikuwa na nia njema. Nia njema nayo inaita hodi.

Kwa anayetaka kuanza leo bila kumlipa fundi: kwenye Telegram, shika mazungumzo ya ile roboti ya mchezo bila kuachia, chagua kufuta, kisha kubali kuizuia, isikuandikie tena. Kwenye WhatsApp, ingia mipangilio, kisha faragha, kisha vikundi, uchague wanaojulikana kwenye simu yako tu ndio waweze kukuongeza. Kwenye Facebook, ndani ya mipangilio kuna orodha ya programu na tovuti ulizoziunganisha, toa zile usizozijua. Ila ujue kwamba kutoa si kusahauliwa. Mchezo ukiondoka, habari uliyokwisha kuupa inaweza kubaki kule kwa wenyewe. Ndiyo maana kuzuia kabla ni bora kuliko kufagia baada ya hapo.

Na ukifika pale pa «alika wote», ondoa kidole. Mwandikie mmoja, yule unayejua anapenda kucheza, umuulize.

Nanyi wenye makundi ya mgao, mtuandikie kwanza mesaji moja: tuna kundi, unataka kuingia? Atakayesema ndiyo, aingie. Atakayenyamaza, mumwache nje ya kundi lakini msimwache nje ya mgao. Mje mpaka pale anapokaa, muite hodi, mumwambie kwa mdomo.