Deni la Mchango Liko Shingoni mwa Nani?

Mkata mkonge wa Korogwe au Muheza, mkoani Tanga nchini Tanzania, hukata majani, huondoa miiba ya nchani, huyafunga thelathini thelathini, kisha mizigo yake huhesabiwa. Mwisho wa mwezi mshahara humfikia ukiwa umeshakatwa mchango wa Mfuko wa Taifa wa Hifadhi ya Jamii (NSSF). Makato hayo yakibaki mikononi mwa mwajiri, aliyedhulumiwa ni Mfuko au ni mkata mkonge?

Kisheria, mdai ni Mfuko. Sheria ya Mfuko huo ya mwaka 1997 inataka asilimia 20 ya mshahara, sehemu ya mfanyakazi isizidi nusu, na jukumu la kuifikisha yote ni la mwajiri. Isipofika, Bodi ya Wadhamini ya Mfuko hufungua kesi, mara nyingi kwa utaratibu wa muhtasari, ambapo mdaiwa hawezi kujitetea mpaka kwanza aombe ruhusa ya mahakama. Akiipata, mabishano huhamia kwenye makaratasi: nani alikuwa kibarua, nani mwajiriwa, mwezi upi haukulipwa. Mwenye jasho hayumo kesini. Naye ndiye anayeumia, maana pensheni ya uzee inadai michango ya miezi 180. Aliyeandikiwa 170 huambulia malipo ya mkupuo.

Dini huanzia kwa huyo mfanyakazi. Hadithi iliyopokewa na Bukhari inamtaja anayemtumikisha mtu kisha akamnyima ujira kuwa miongoni mwa watatu ambao Mungu mwenyewe atakuwa hasimu wao Siku ya Kiyama. Waanglikana wa Magila, huko Muheza, kwa upande wao, wanausoma Waraka wa Yakobo, ambamo ujira uliozuiliwa na wenye mashamba unapiga kelele. Na mchango uliokatwa ni zaidi ya ujira: ni amana, mali ya mtu iliyopita tu mkononi mwa mwingine.

Ugumu uko pale mwajiri anapokuwa kampuni. Mtu akifa pwani, kabla ya maziko hutangazwa kwamba anayemdai ajitokeze, na Suratun Nisaa inatanguliza deni kabla ya mirathi. Kampuni haizikwi. Baraza la Fikihi la Kiislamu, lilipokutana Jeddah mwaka 1992, lilikubali kampuni ambazo dhima ya wanahisa ina kikomo, na lilikuwa na hoja: hasara ya biashara isiwafilisi waliotoa mtaji. Lakini makato ya mshahara hayakuwa mtaji kamwe. Kuyatumia kununulia dizeli ya korona, mashine ya kuchakata mkonge, halafu kujificha nyuma ya kikomo hicho, ni kuila amana.

Muda nao unamwelemea mnyonge. Malalamiko ya kazi yasiyohusu kuachishwa yapelekwe Tume ya Usuluhishi na Uamuzi ndani ya siku 60, aliyechelewa aombe kuongezewa muda; wengi hugundua pengo siku wanapofuata mafao. Mbele ya Mungu haki ya mtu haina siku 60, wala hakuna wa kuisamehe ila mwenyewe. Mwajiri anayeswali safu ya mbele na ameshapatana na Mfuko kuhusu faini, bado ana watu wa kuwafuata kambini, mmoja mmoja, kwa majina yao.