Uso si wa Kujazia Mizani

Je, ni halali kuuazima uso wa marehemu mmoja ili kumsimulia mwengine? Swali hili humkabili kila atengenezaye filamu ya historia, na huko Kwihara, karibu na Tabora, halikwepeki.

Kwihara ilikuwa kituo katika njia ya misafara baina ya Bagamoyo na Ujiji. Hapo Livingstone aliishi tangu Februari hadi Agosti 1872, na hapo ndipo Stanley alipoagana naye mwezi Machi. Mwaka 1873, Susi, Chuma na wenzao walipofika na maiti yake Unyanyembe, nchi ambamo Kwihara imo, Cameron aliwashauri wamzike huko. Wakakataa, wakamchukua hadi pwani. Hayo yameandikwa, lakini picha zitembeazo hazipo, kwani sinema ilizaliwa zaidi ya miaka 20 baadaye.

Mwenye maneno mengi na picha chache hukimbilia picha za maktaba. Huchukua kipande cha wapagazi wa miaka ya 1920, pengine wa nchi nyengine kabisa, akakitia chini ya sauti inayoitaja Kwihara. Tena picha nyingi za zama hizo zilipigwa kwa fremu kama 16 kwa sekunde. Zikionyeshwa kwa fremu 24, mpagazi mwenye kilo 30 begani huonekana akitimka mbio. Jasho lake hugeuka mzaha.

Hollywood nayo, katika filamu ya Stanley and Livingstone ya mwaka 1939, iliwapiga picha watu wa Afrika ya Mashariki wa zama hizo ili wawe watu wa 1871. Huo ulikuwa mchezo, na mtazamaji alijua kuwa ni mchezo. Filamu ya historia, kinyume chake, hutoa ushahidi: husema ndivyo ilivyokuwa.

Mshairi aliyepungukiwa na mizani hutia neno lisilo na kazi. Hesabu ikatimia, maana ikavia. Mhariri wa filamu hufanya vivyo hivyo kwa sura za watu. Lakini neno halina ukoo; uso unao. Mtu yule hakuulizwa alipopigwa picha, jina lake halikuandikwa, na sasa ananyang'anywa hata mahali pake na mwaka wake.

Yumkini atasema msemaji kwamba kuziacha picha hizo ni kuwazika watu wale mara ya pili. Kweli, zisiachwe. Ziitwe kwa jina lake: mwaka, mahali, na nani aliyeshika kamera, nao mwendo wake urekebishwe. Pasipo na picha, ionyeshwe Kwihara ya leo na tembe lililogeuzwa makumbusho, na msimulizi aseme wazi kwamba picha ya siku zile haipo. Pengo lililokiriwa ni sehemu ya ukweli.

Wale wapagazi wa 1873 hawakukubali kumlaza mtu pasipo pake kwa kuwa tu palikuwa karibu. Wenye kuwasimulia kwa picha hawana udhuru wa kuwatendea wao kinyume cha hivyo.