Mahadhi Yasiyo na Mlinzi

Mwaka 1974, serikali ya walowezi wa Rhodesia ilijipatia wimbo wa taifa. Ilikuwa imejitangazia uhuru mwaka 1965 ili Wazungu wachache waendelee kuwatawala Waafrika walio wengi. Mahadhi iliyoyachagua ni yale ya Simfoni ya Tisa ya Ludwig van Beethoven, yaliyotungwa kubeba shairi la Friedrich Schiller linalowaita binadamu wote ndugu.

Je, mahadhi hayo yalisalitiwa, au hayakuwahi kuwa na upande?

Noti zenyewe zina la kusema. Katika sehemu ya mwisho, baada ya kishindo cha okestra nzima, selo na besi huachwa peke yake, kwa sauti ya chini mno, na kuanza wimbo ambao hata mtoto angeushika. Unapanda na kushuka ngazi kwa ngazi, karibu bila kuruka hata moja. Beethoven, ambaye kwingine katika simfoni hiyohiyo aliwatesa waimbaji kwa sauti za juu, hapa alitaka wepesi. Undugu wa wote ungeimbwaje kwa wimbo wa mabingwa pekee? Lakini mlango ulioachwa wazi haumchagui mgeni. Mwaka 1918, wafungwa wa vita wa Kijerumani waliipiga Tisa katika kambi ya Bando, Japani, wakapanga upya sauti za kike ziimbwe na wanaume. Mwaka 1942, kondakta Wilhelm Furtwängler aliiongoza mjini Berlin kwa heshima ya siku ya kuzaliwa ya Hitler.

Basi uzuri si hati ya wema. Hilo linauma, hasa kwa anayeupenda muziki huu kwa dhati.

Hata hivyo, Rhodesia haikuweza kuchukua kila kitu. Iliyaacha maneno ya Schiller, ikatungiwa mengine. Anayelazimika kufuta neno amekiri kwamba neno hilo linamshtaki.

Maneno hayo yamefika Kinshasa. Okestra ya Wakimbangu, waumini wa Kanisa la Kimbangu, iliyoanzishwa na Armand Diangienda mwaka 1994, ilianza na watu wasiojua muziki huu, ala zikiwa haba kiasi cha kupokezana. Katika filamu ya mwaka 2010 kuhusu okestra hiyo, kwaya inaimba shairi la Schiller kwa Kijerumani. Tisa ikiwa karibu kumalizika, umeme unakatika.