Je, Haja ya Nyumbani Huhalalisha Uovu?

Watu wengi husema ya kuwa mtu atendaye jambo baya kwa ajili ya watoto wake hastahili kulaumiwa sana. Neno hili ni la zamani, lakini mwaka 2008 liliwekwa tena mbele ya watu na mchezo wa televisheni wa Marekani uitwao Breaking Bad, uliotungwa na Vince Gilligan. Mwaka ule zilionyeshwa sehemu 7, nazo zatosha kutupa mfano wa kulipima.

Habari yenyewe ni hii. Walter White ni mwalimu wa kemia katika mji wa Albuquerque. Umri wake ni miaka 50, na mshahara haumtoshi, hata hufanya kazi ya pili mahali pa kuoshea magari. Mkewe ni mjamzito, na mwanawe ana ulemavu. Ndipo anapoambiwa ya kuwa ana saratani ya mapafu. Basi anaungana na kijana aliyemfundisha zamani, na kwa elimu yake anatengeneza methamfetamini, dawa ya kulevya iharibuyo mwili na akili, ili awaachie jamaa zake fedha.

Nani asiyemhurumia? Lakini tuangalie sehemu ya 5. Rafiki zake wa zamani, Elliott na mkewe Gretchen, ambao sasa ni matajiri, wanampa nafasi ya kazi yenye bima nzuri, tena wako tayari kumlipia matibabu. Walter anakataa, kisha anamdanganya mkewe kwamba Elliott ndiye alipaye. Kwanza hakuwa na njia. Sasa njia ya halali imefunguliwa, naye haipiti, maana aona haya kusaidiwa. Wahenga walisema, Mficha uchi hazai. Basi haja ilikuwa ya kweli, lakini nyuma yake kilijificha kiburi.

Tena, tumwangalie Hugo, mfagizi wa shule. Huyu ndiye aliyemhudumia mwalimu alipokuwa akitapika kwa ukali wa matibabu. Hank, mwanyumba wake Walter, ni askari wa kupambana na dawa za kulevya. Anapogundua kwamba vyombo vya maabara ya shule vimepotea, anamshuku Hugo; anapekuliwa, anaonekana ana bangi, anakamatwa, na kazi yake inapotea. Aliyechukua vyombo ni mwalimu, naye ananyamaza. Mtu aweza kusema, Hugo naye alikuwa na kosa lake. Ni kweli, lakini kilichomleta askari mlangoni pake si bangi, bali wizi wa mtu mwingine.

Twasema, “Kwa ajili ya watoto.” Watoto wa nani? Wale wanaonunua dawa ile nao ni watoto wa watu, na mfagizi naye hula kwa jasho lake.

Msomaji, haja hupunguza lawama, na mwamuzi mwenye haki hataisahau. Lakini haiwezi kuugeuza uovu uwe wema. Kabla ya kuifanya udhuru, yatupasa kujiuliza mambo mawili: Je, nikifunguliwa njia safi, nitaipita, hata ikinipunguzia heshima? Na gharama ya tendo langu, ni nani atakayeilipa? Ikiwa mlipaji ni mtu mnyonge kuliko mimi, basi sikuiondoa shida. Nimeihamisha tu kutoka nyumba yangu kwenda nyumba ya jirani.