Mlinda Lango Anatudai Nini?

Masomo: 1 Samweli 30:9-25, Mhubiri 9:13-16

Wiki hii nataka tufikirie swali moja ambalo limekuwa likizunguka kanisani kwetu kwa chini-chini. Mtu akikulindia lango miaka mingi, nawe ukamlipa mshahara wake kila mwisho wa mwezi bila kukosa, halafu nguvu zikamwishia, je, bado anakudai? Ama mmeshamalizana, kila mtu ashike njia yake?

Wapenzi wa mpira watanielewa haraka, kwa hivyo wacha nianzie uwanjani. Wale ambao hamfuati mpira mnivumilie kidogo, tutafika kwa Neno.

Mnamo Septemba 2016 alifariki hapo Bungoma, safari ya matatu moja tu kutoka Malaba, mzee anayeitwa James Siang'a. Vijana wetu wengi ukiwatajia jina hilo wanakuangalia tu. Siang'a alikuwa kipa. Aliidakia Gor Mahia, na alikuwa katika kikosi cha Kenya kilichoenda Yaoundé, Cameroon, mwaka 1972, mara ya kwanza kabisa nchi yetu kufika fainali za Kombe la Mataifa ya Afrika. Kenya ilifungwa na wenyeji 2-1, ikatoka sare ya 1-1 na Mali na tena 1-1 na Togo, ikarudi nyumbani. Si matokeo ya kujivunia sana, lakini pia si ya aibu kwa timu iliyokuwa inafika pale mara ya kwanza.

Alipoacha kudaka akawa kocha. Alifundisha Gor Mahia, akafundisha Harambee Stars, kisha akavuka kwenda Tanzania kuifundisha Simba ya Dar es Salaam. Huko ndiko alikofanya jambo ambalo Watanzania wanalisimulia mpaka leo. Mwaka 2003 Simba ilipangwa na Zamalek ya Misri, ambao walikuwa mabingwa wa Afrika wa mwaka uliotangulia. Nani angeipa Simba nafasi? Dar es Salaam Simba ikashinda 1-0. Kule Cairo Zamalek nao wakashinda 1-0. Ikabidi iwe penalti. Langoni mwa Simba alisimama kijana Juma Kaseja, na aliyekuwa amemwandaa ni kocha ambaye mwenyewe alijua ilivyo kusimama peke yako kati ya milingoti miwili, uwanja mzima ukikuzomea. Simba ikashinda penalti 3-2, bingwa akavuliwa taji nyumbani kwake, na Simba ikaingia hatua ya makundi ya Ligi ya Mabingwa.

Sasa linganisha na mshambuliaji. Joe Kadenge wa Vihiga alifunga mabao mpaka jina lake likawa msemo. Hata mtoto ambaye baba yake hajawahi kumwona Kadenge akicheza anajua kusema "Kadenge na mpira", jinsi Leonard Mambo Mbotela alivyokuwa akitangaza redioni. Kipa hapati hivyo. Kweli, Mahmoud Abbas wa AFC Leopards tulimwita "Kenya One", na alistahili, kwa maana Kenya ilichukua kombe la CECAFA mara tatu mfululizo, 1981, 1982 na 1983. Lakini hesabu mwenyewe uone ni makipa wangapi unaowajua kwa jina, na washambuliaji wangapi.

Nafikiri sababu yake iko katika kazi yenyewe. Mimi nilisomea biashara kabla ya kuitwa katika huduma, na jambo moja nililoliona katika vitabu vya hesabu ni hili: daftari linaandika kilichoingia na kilichotoka. Halina mahali pa kuandika kile ambacho hakikutokea. Duka ambalo halikuvunjwa halina risiti. Bao ambalo halikufungwa halionekani kwenye ubao. Kazi yote ya kipa, ikiwa nzuri, inaishia katika kitu ambacho hakipo, na akili ya binadamu haina uzoefu wa kushukuru kwa kitu ambacho hakipo. Tunashukuru kwa ng'ombe aliyezaa. Kwa ng'ombe ambaye hakuibiwa, tunalala tu.

Ubaya wake ni kwamba akikosea mara moja, hapo daftari linafunguka. Brazil walikuwa na kipa anayeitwa Moacir Barbosa. Mwaka 1950, katika mechi ya mwisho ya Kombe la Dunia, Brazil walikuwa nyumbani Maracanã wakihitaji sare tu. Uruguay wakawafunga 2-1, na bao la pili lilipita upande wa mlingoti wa karibu ambapo watu walisema Barbosa angezuia. Alikuwa mmoja wa makipa bora wa wakati wake. Haikusaidia. Alipozeeka alisema kwamba katika sheria za Brazil kifungo kirefu kabisa ni miaka 30, lakini yeye ametumikia 50. Alifariki mwaka 2000 akiwa bado anaulizwa kuhusu siku ile moja. Yote aliyoyazuia hakuna aliyeyahesabu.

Mhubiri aliyaona haya zamani. Katika sura ya 9 anasimulia mji mdogo wenye watu wachache, mfalme mkuu akauzingira. Ndani yake alikuwamo maskini mmoja mwenye hekima, naye akauokoa mji. Halafu hakuna mtu aliyemkumbuka yule maskini. Mimi husoma hapo nikijiuliza wale wananchi walikuwa watu wa namna gani. Sidhani walikuwa wabaya. Asubuhi iliyofuata wanawake waliteka maji, soko likafunguliwa, watoto wakacheza. Mji uliookolewa unafanana kabisa na mji ambao haukuwahi kuwa hatarini. Ndiyo maana ni rahisi kusahau, na ndiyo maana kusahau huko hakutuumi.

Basi turudi kwa swali. Kuna ndugu mmoja, na ni mtu mwenye busara, aliyeniambia hivi: "Pasta, tusichanganye mambo. Huruma ni huruma na deni ni deni. Mtu akishalipwa, deni limekwisha. Ukimwongezea, hiyo ni sadaka, na sadaka mtu hutoa akipenda." Hoja hiyo ina nguvu. Tukiidharau tutajikuta tunawalaumu watu kwa kutolipa madeni ambayo hawakuyakopa. Na hapa kwetu, ambako mama anauza nyanya pale stendi kuanzia saa kumi na mbili asubuhi ndipo apate kitu cha kuweka kwenye kikapu, haifai mchungaji kuita kila hitaji deni.

Lakini nafikiri ndugu yangu ameruka kitu, na nitamjibu kwa lugha yake ya biashara. Mwenye lori anayepitisha mizigo hapa Malaba kwenda Kampala hahesabu dizeli na mshahara wa dereva peke yake. Anajua kila safari inakula tairi, inakula injini, inakula chesisi. Huo tunauita uchakavu. Mfanyabiashara makini hutenga pesa ya uchakavu kila mwaka, kwa sababu akikula faida yote leo, kesho lori limekufa na hana lingine. Asiyetenga anajidanganya kwamba amepata faida, kumbe anakula lori lake polepole.

Sasa niambie, mwili wa mtu je? Mshahara wa mwezi unalipa usiku uliolindwa. Haulipi macho yaliyochoka, magoti yaliyoshika baridi, kifua kilichovuta umande miaka na miaka. Kipa anaruka na kuangukia bega lile lile tangu ujana, na bega hilo halimo katika mkataba. Lori tunalitengea fungu, lakini mtu hatumtengei, kisha tunasema hesabu imefungwa. Haijafungwa. Kuna gharama iliyokuwa yetu tukambebesha yeye bila kumwambia, na kwa sababu aliibeba kimya, tukadhani haipo. Kwa maoni yangu hilo ni deni halisi. Sadaka inakuja baadaye, juu yake.

Tena si wazo langu tu. Someni 1 Samweli 30 polepole. Daudi alitoka na watu 600 kuwafuata Waamaleki. Walipofika kijito cha Besori, 200 walikuwa wamechoka hata hawakuweza kuvuka, wakabaki na mizigo. Wale 400 wakaenda, wakapigana, wakarudi na nyara. Wengine wao wakasema hawa waliobaki wasipewe kitu, wachukue wake zao na watoto wao waende. Daudi akakataa. Fungu la aliyeshuka vitani na fungu la aliyekaa na mizigo likawa sawa. Na angalia mstari wa 25: hakuiacha iwe fadhili ya siku ile. Aliifanya kuwa amri katika Israeli. Daudi alijua kwamba ukiiacha iwe fadhili, siku mfalme akiwa na hasira, au watu wakiwa na njaa, waliolinda mizigo watakosa. Na wale 200 hawakubaki kwa uvivu. Neno linasema walikuwa wamechoka. Uchovu wao wenyewe ulihesabiwa.

Mmeshajua naelekea wapi. Mzee wetu wa getini mnamjua wote. Amelinda hapa tangu kanisa likiwa mabati matupu na nguzo za mikalatusi, kabla hatujanunua spika, kabla ya jenereta, kabla hata ya ukuta. Sasa macho yake usiku hayaoni vizuri. Kamati imekubaliana kutafuta mlinzi mwingine, na hiyo ni sawa, mlinzi asiyeona si usalama kwa kanisa wala kwake yeye. Kinachobaki ni yeye anaenda na nini. Wengine wanasema mshahara wa mwezi wa mwisho na maombi. Wengine tunasema kitu cha kila mwezi, hata kiwe kidogo, mpaka Bwana atakapomwita.

Mweka hazina ana wasiwasi, na ni haki yake. Ameniuliza: tukianza na huyu, je, yule mama aliyefagia kanisa? Je, wale wajane? Nimemjibu kwamba yule mama naye aingie kwenye hesabu, kwa hoja ile ile ya lori. Wajane wana fungu lao katika Neno na tusiwaguse ili kumlipa mwingine. Pesa ni chache, nakubali. Lakini wacha niseme kitu ambacho kitawauma baadhi yetu. Mzee huyu akifa leo, tutachangisha. Tunajuana. Kutakuwa na hema, viti, jeneza zuri, sufuria za wali, gari la kupeleka kwaya, na mtu atasimama na maikrofoni kusema marehemu alikuwa nguzo. Pesa itapatikana ndani ya wiki moja. Pesa hiyo hiyo ikigawanywa ingemnunulia unga na dawa za macho kwa muda mrefu. Kwa hivyo nikisikia kwamba hakuna pesa, nauliza kama kweli hakuna, ama tunaiwekea matanga.

Pendekezo langu nimeliandika na kulipeleka kwa kamati: sehemu ndogo ya sadaka ya kila Jumapili ya kwanza ya mwezi itengwe kwa waliotumika hapa wakachoka, iandikwe kwenye daftari pamoja na stima na ukarabati, na isomwe kwenye ripoti ya mwaka kama matumizi mengine. Isitegemee nani ni mchungaji, wala nani amefurahi. Na mlinzi mpya atakayekuja aelezwe siku ya kwanza kwamba fungu hilo lipo.

Kamati itakaa Jumapili ijayo baada ya ibada ya pili. Wenye maoni tofauti waje wayaseme, maana hoja ya yule ndugu yangu bado haijasikika yote. Nimeomba pia mzee mwenyewe aitwe, aketi na sisi, aulizwe anahitaji nini. Kikao kikichelewa mtu amsindikize mpaka nyumbani, kwa sababu jua likishazama njia haioni.