Kabla Mvua Haijanyesha

Wapendwa wa Mbeere na Tharaka, nanyi mlio huko juu kwenye majani chai ya Embu na Meru,

Katika ibada zetu mtu husimama kutoa ushuhuda mambo yakishanyooka: mtoto amepona, karo imepatikana, mvua imenyesha. Bwana asifiwe! Tunapiga makofi. Yule ambaye mtama wake umekauka hubaki kimya kwenye benchi, akingoja zamu yake.

Wiki hii nimemwaza sana Kisilu Musya, mkulima wa Mutomo, Kitui, ng'ambo ya Mto Tana. Mtu huyu alilima shamba lake, akalea watoto, akawakusanya wakulima wenzake, na katikati ya hayo yote akashika kamera. Kwa miaka kadhaa alijirekodi mwenyewe, mkewe, watoto wake na kijiji chake: ukame, mafuriko, wanafunzi waliorudishwa nyumbani, wanaume wakiondoka kwenda mjini kutafuta vibarua. Dhoruba ikaibomoa nyumba yake. Hata maneno makali ya mume na mke wakati ghala ni tupu hakuyaficha. Filamu iliyotokana na picha hizo, Thank You for the Rain, ilitoka mwaka 2017, naye akatajwa kuwa mwongozaji mwenza wa Julia Dahr wa Norwei. Kabla ya hapo, mwaka 2015, alikuwa ameshaipeleka sauti ya wakulima hadi Paris, kwenye mkutano wa Umoja wa Mataifa kuhusu tabianchi.

Lakini si Paris inayonigusa. Kinachonigusa ni mkono ule uliowasha kamera siku ambazo mwenyewe hakujua mambo yangeishaje. Alirekodi pasipo jibu.

Nabii Habakuki naye anaanza kitabu chake kwa kulalamika, na hakemewi kwa kuuliza. Hata wimbo wake wa mwisho unataja shamba lisilotoa chakula na zizi lisilo na ng'ombe. Nani kati yetu, huku Ishiara au Kiritiri, asiyelijua zizi hilo?

Kwa hiyo Jumapili hii, saa ya ushuhuda ikifika, nitamwita kwanza mtu ambaye jambo lake halijaisha. Mama uliyepanda kunde mara mbili zikakauka, njoo mbele. Baba ambaye mwanao bado yuko nyumbani kwa sababu ya karo, njoo. Hatutakuharakisha, wala hatutakuombea upesi ili ukae chini. Tutakusikiliza kwanza.